Bahari ya Karavia

Kwa zaidi ya mwaka mzima nilikuwa nikikalia uso wa kaka yangu, kila Jumapili, kanisani. Sikupenda, lakini ndivyo fundi alivyokikata kitenge. Mbele kulikuwa na mashua yenye tanga jeupe, mabegani maneno ya Kifaransa ya kuwatakia safari njema, na nyuma, pale pale pa kukalia, Gauthier na mkewe Wivine ndani ya duara, wamevaa kofia za manahodha, wanatabasamu kama wagombea ubunge. Ukoo mzima tulishona. Hata baba mdogo Musonda, ambaye hajawahi kuingia mtoni kupita magoti, alijishonea shati.

Kwetu mtu akienda mbali anasindikizwa. Hilo halina ubaya. Ubaya ni kusindikiza kupita kiasi. Gauthier alipostaafu kazi yake ya uhandisi mgodini, alitangaza kwamba yeye na Wivine watanunua mashua ya tanga huko Walvis Bay, Namibia, wavuke bahari hadi Brazili, halafu waendelee kuizunguka dunia mpaka watakapochoka wenyewe. Wazungu wastaafu hufanya hivyo, alisema, na yeye hakuona walichomzidi. Mimi nilikiona kimoja: wanajua kuogelea. Lakini mimi Albertine ni dada mdogo, mwalimu wa darasa la tatu, na kwenye kikao cha ukoo kazi ya dada mdogo ni kupakua bukari, ugali wetu.

Basi tukasindikiza. Kukawa na misa, kukawa na karamu chini ya mahema mawili kwenye kiwanja cha Mama mtaani kwetu Makomeno, Lubumbashi, kukawa na mtangazaji wa televisheni aliyemwuliza Gauthier kama haogopi. Akajibu kwamba mtu aliyezoea kushuka chini ya ardhi hawezi kuogopa kitu kilicho juu yake. Watu wakapiga makofi, na hakuna aliyejiuliza jibu lile lina maana gani. Tangu siku hiyo mtaa mzima ukamwita Amiral, mkuu wa manowari, na Wivine, ambaye hapendi kuachwa nyuma, akaanza kuitika Madame Amirale.

Sasa niseme habari za Mama, maana bila yeye haya yote yangekuwa mambo ya kuchekea tu. Mama yetu, Mama Mutale, alikuwa na mtoto wa jicho, macho yote mawili. Alikuwa anaona mwanga na kivuli, basi. Daktari alikuwa ameshasema kwamba operesheni yenyewe ni ndogo, ila isicheleweshwe. Siku ya karamu, Gauthier alipopiga magoti kuomba baraka, Mama alimpapasa uso mbele ya watu wote.

"Batanipasua macho siku utarudia," akamwambia. "Muntu wa kwanza mwenye nitaona, nataka ikuwe weye, mutoto wangu wa kwanza."

Watu walilia. Gauthier naye alilia, na mpiga picha akamwomba alie tena akiwa ameelekea kwenye kamera. Mimi nilikuwa nangoja aseme, Mama, usiningoje, nenda ukatibiwe. Hakusema. Ahadi ile ilipendeza mno kwenye video.

Wakaondoka. Kwanza zikaja picha za mashua yenyewe, imefungwa gatini, ndogo kuliko ile ya kwenye kitenge. Kisha kimya kidogo. Halafu zikaanza sauti. Gauthier alikuwa akizituma kwenye kundi la WhatsApp la ukoo, na nyuma ya maneno yake upepo unavuma na maji yanapiga chwa, chwa. "Mama, tuko katikati ya océan. Inchi hatuione, ni maji tu." Wivine anadakia kwa mbali kwamba kuna samaki mkubwa anawafuata. Picha nazo zikawa zinakuja: Gauthier na koti la kujiokolea, maji nyuma yake, mbingu juu yake, hakuna kingine. Nilipouliza wanapata wapi mtandao katikati ya bahari, wakati sisi Makomeno tunapanda juu ya kiti kuutafuta, baba mdogo Musonda alinijibu kwamba ni satelaiti, kwa sauti ya mtu aliyeirusha mwenyewe.

Ukoo ulivimba kichwa. Binamu mmoja aliacha kupanga foleni kila mahali, akisema yeye ni ndugu wa Amiral. Mwingine alimkatalia mchumba binti yake kwa sababu kijana hajawahi kufika hata Kipushi hapa jirani, sembuse Brazili. Na kila msiba, kila harusi, tulitokea wote na mashua zetu vifuani na Gauthier wetu makalioni.

Mama alibaki kwenye giza lake. Asubuhi alikuwa akitafuta mlango kwa viganja, na mlango ulikuwa ukimpata kwanza kwenye paji la uso. Siku moja alijichoma mkono kwenye mbabula, jiko letu la makaa, moto ukiwa umekolea, kwa sababu alidhani bado sijawasha. Nilimsihi twende kwa daktari. Alikataa.

"Nilisha sema mbele ya bantu," alinijibu. "Yaya yako atarudia." Yaya kwetu ni mkubwa wako wa kuzaliwa, yaani Gauthier.

Nilimwandikia Gauthier peke yake, nje ya kundi. Nilimweleza mkono, nikamweleza mlango, nikamwambia amwamuru Mama aende, maana neno lake moja lingetosha. Alinirudishia alama ya moyo na maneno kwamba upepo umewapeleka kusini kidogo, Mama avumilie. Nilikasirika mpaka wanafunzi wangu walijua. Siku ile nzima darasa la tatu halikuthubutu hata kukohoa.

Kisha ikaja Jumamosi ya tufani.

Umeme ulikuwa umekatika tangu asubuhi. Mama alikuwa ameketi sebuleni, simu sikioni, anasikiliza sauti mpya ya mwanawe. Mimi nilikuwa karibu naye nachambua sombe, majani ya muhogo. "Mama, leo iko tempête," Gauthier alikuwa anasema. "Mawimbi iko murefu sawa nyumba ya étage. Mais capitaine haogopake." Nikaona tufani yenyewe ni dhaifu kwa mawimbi marefu namna ile. Upepo ulikuwa unakuja na kuondoka, fu, fu, kama mtu anayepepea makaa kwa kifuniko cha sufuria.

Halafu, ndani ya sauti ile ile, nyuma ya mawimbi, watoto wengi walipiga ukelele kwa pamoja: "Courant ilirudia!"

Mtu yeyote wa Lubumbashi anaujua ukelele ule. Umeme ukirudi, mtaa mzima unapasuka, wakubwa kwa wadogo, wala hakuna anayewapangia. Na mara tu baada ya ukelele, tufani ya Gauthier ilipata nguvu. Ikaanza kuvuma mfululizo, vuuu, bila kupumua, na nikasikia hata ule mlio mdogo wa feni inapogeuza shingo upande wa pili. Kaka yangu hakukatiza. Aliendelea kueleza jinsi wimbi linavyowarusha.

Mama aliniomba niirudishe mwanzo. Akasikiliza yote tena, taratibu, kichwa kimeinama.

"Albertine," akaniuliza, "kule katikati ya bahari nako banakatakaka courant?"

Nilicheka. Nilicheka sana, mpaka nikaona uso wake. Alikuwa ameiweka simu juu ya meza na kuisukuma mbali naye kwa kidole, kama sahani ya chakula kilichochacha.

"Usiambie muntu," akasema. "Tafuta kwanza kwenye banaikalaka."

Sikutafuta mbali. Mtaani kwetu kuna Paluku, mfanyabiashara kutoka Butembo anayeuza unga kwa jumla, na lori lake huenda Mokambo mpakani na kurudi. Ni mtu wa sala kweli, siyo wa kuonyesha. Kwa miezi kadhaa alikuwa akiniona anavuka barabara kwenda upande wa pili. Nilikuwa nimefikiri labda nimemkosea. Safari hii nilimfuata mpaka ndani ya depo, nikasimama mlangoni, hapakuwa na barabara nyingine ya kuvuka.

"Papa Paluku, juu ya nini unanikimbiaka?"

Alivua kofia. "Mama Albertine, mie ni mukristo. Yaya yako aliniapisha nisiseme." Akafikiri kidogo. "Hakuniapisha nisijibu."

"Basi ninakuuliza. Uliwaonea wapi?"

Alishusha pumzi kama mtu aliyetuliwa gunia, akajibu yote. Aliwapandisha Mokambo, juu ya unga, wamejifunika turubai. Hawakutaka kupita Kasumbalesa, mpaka mkubwa, kwa sababu huko watu wote wa maana wanapita na wangeonekana. Mashua yao ilitoka gatini Walvis Bay asubuhi, na saa ya chakula cha mchana haikuikuta baharini. Wivine alitapika, Gauthier akatapika, kisha wakagombana ni nani aliyesema kamba ile ivutwe, tanga likampiga Gauthier kisogoni, na mlinzi wa bandari akaja kuwavuta na boti yake kama mtu anayerudisha mbuzi. Waliiuza mashua kwa mzee mmoja pale pale gatini. Mpaka Mokambo, alisema Paluku, Madame alikuwa bado ameshikilia ukingo wa lori kwa mikono miwili, na lori lilikuwa limesimama.

"Na juu ya nini habakurudia ku nyumba?"

Paluku aliona aibu kwa niaba yake. "Niliuliza ile ile. Akaniambia: Paluku, nitapita wapi na vile vitenge?"

Hapo nikaelewa. Ukoo mzima ulikuwa umemvaa. Angerudi vipi Makomeno wiki tatu baada ya misa, akute shangazi anafagia uwanja na uso wake kiunoni? Tulimsindikiza mpaka tukamfungia mlango. Kwa hiyo alijificha Karavia, humu humu Lubumbashi kando ya ziwa, kwenye nyumba ndogo nyuma ya jumba la rafiki anayeishi Afrika Kusini. Paluku anawapelekea unga. Katikati ya juma, watu wa starehe wakiwa hawapo, wanashuka ziwani kupiga picha za Atlantiki.

Nilitaka kukimbilia kundi la WhatsApp niwavue nguo wote wawili hadharani. Vidole vilikuwa vinaniwasha. Nilipomweleza Mama, alinishika kwa ule mkono wenye kovu la mbabula.

"Hapana," akasema. "Nipeleke kwanza kwa docteur."

Daktari alimpima, akanivuta pembeni. Jicho la kulia litapona. La kushoto limengoja mno, limeharibika kwa ndani, hata kulipasua hakuna faida. Nilirudi kumwambia Mama huku namkosea heshima kaka yangu kwa maneno ambayo siwezi kuyaandika hapa. Mama alisema "eeh" moja tu, akauliza kama operesheni itakuwa kesho au kesho kutwa.

Siku ya kutoa bandeji, chumba cha kliniki kilikuwa na mwanga mkali, nikampa Mama mgongo nikiinama kuvuta pazia. Sikukumbuka nilichovaa. Nguo zangu nyingine zilikuwa hazijakauka. Nyuma yangu nikamsikia muuguzi anacheka chini kwa chini, kisha sauti ya Mama.

"Njo huyu Gauthier?" Alikuwa anakitazama kitenge kwa makini, jicho lake jipya linatoa machozi. "Alizeeka. Mais ni yee. Basi, neno yangu ilitimia, muntu wa kwanza ya kuona ni yee. Sasa geuka, mwanangu, nikuone na weye."

Nikageuka. Alinitazama usoni kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu, na nililia bila mtu kuniomba nielekee kwenye kamera.

Jumatano moja mchana tukachukua taksi, Mama na mimi, mpaka Karavia. Hatukumwambia mtu. Mama alikuwa amevaa ile miwani myeusi ambayo daktari alimpa kwa ajili ya jua, na ameshika fimbo yake ya zamani, kwa mazoea. Kando ya ziwa kuna benchi kwenye kijia kinachopanda kuelekea majumba. Tukakaa.

Bahari ya Atlantiki ilikuwa mbele yetu. Ng'ambo yake kulikuwa na mwanamke anafua mazulia. Katikati, ndani ya kile kimashua cha plastiki cha kukanyaga kwa miguu kama baiskeli, kile chenye kichwa cha bata, kaka yangu alikuwa ameketi na kofia yake ya unahodha, anakunja uso kwa ajili ya dhoruba. Wivine alikuwa amelala karibu chali kwenye kiti cha pili, simu juu, akihangaika kupata mbingu na maji bila mazulia na bila bata. "Shika kamba sawa unateseka," alikuwa anamwelekeza. Kamba yenyewe haikufungwa popote.

Nilimtazama Mama pembeni. Hakucheka. Alikuwa anatazama tu, mikono juu ya fimbo, kama anavyotazama mtu aliyelipa kuingia.

Walipomaliza walirudisha bata lao, wakaanza kupanda kijia, Gauthier mbele, Wivine nyuma na ndoo, ile ya kupigia mawimbi, chwa, chwa, nadhani. Walikuwa wamefika hatua chache tu kutoka kwenye benchi waliponiona. Wote wawili waliganda. Macho ya Gauthier yalitoka kwangu yakaenda kwa Mama, kwenye miwani myeusi, kwenye fimbo. Nikaona uso wake unalegea. Kipofu, alikuwa anajiambia. Mama haoni.

Akaweka kidole mdomoni. Akaunganisha viganja kuniomba, mtu mzima mwenye mvi, anatikisa kichwa kwangu, tafadhali, tafadhali. Kijia ni cha changarawe. Kwa hiyo aliinama, akavua viatu kimoja kimoja, akavishika mkononi, akaanza kupita mbele yetu kwa ncha za vidole, mabega yamepanda mpaka masikioni. Wivine akamfuata kwa ncha za vidole vilevile, ndoo ameikumbatia isije ikalia. Walipita karibu nasi hata suruali ya Gauthier ikagusa goti la Mama. Alizuia pumzi.

Kichwa cha Mama kilikuwa kikigeuka taratibu pamoja naye.

"Gauthier," akasema, "vaala bilato. Miba itakuchoma."

Ndoo ilianguka. Wivine alipiga magoti pale pale kwenye changarawe, akajifunika uso. Gauthier alibaki amesimama kwa mguu mmoja, mwingine hewani. Mama akavua miwani.

"Mama," Gauthier akaanza, "tulifika leo leo. Bateau tuliiacha ku port, tulitaka kwanza tukuye kukufanyia surprise, donc..."

"Gauthier, nyamaza," Wivine akamwambia kutoka chini. "Nyamaza tu."

Gauthier aliushusha mguu, akamtazama Mama, akaliona lile jicho safi linalomwangalia, na nadhani ndipo alipokumbuka kwamba alikuwa ameahidiwa kitu.

"Mama, unaona?"

"Minaona na moja," Mama akajibu. "Ile ingine ilikungoja."

Nilikuwa nimeandaa maneno mengi kwa siku ile, mwaka mzima wa maneno, na mengine yalikuwa mazuri sana. Sikuyatumia hata moja. Machozi yalianza kumtoka Gauthier, na safari hii hakuna aliyekuwa anapiga picha, kwa hiyo hakujua afanye nini nayo. Alisogea ili apige magoti kama siku ile ya karamu. Mama aliinua fimbo, siyo kwa ukali, akaiweka kati yao.

"Uko bado mbali," akamwambia. "Endelea na safari. Siku utafika, utatuambia."

Akasimama. Nilimpa mkono wangu kama kawaida, akaukataa. Fimbo aliniachia mimi. Alishuka kijia mwenyewe mpaka kwenye taksi, anatazama chini mahali pa kukanyaga, na nilipogeuka nyuma kaka yangu alikuwa bado amesimama pale pale, viatu mkononi.